Mstari Mtupu Katika Daftari la Ndoto

Jumamosi, saa kumi jioni. Kasulu kuna manyunyu tangu asubuhi, yale ya baridi yasiyo na haraka. Sketi yangu imeanikwa juu ya kiti hapa kwa shangazi na inanuka matope ya Muyama. Habari za Muyama nitazifikia.

Leo nina hasira.

Nimeifuta sentensi hiyo mara mbili kwa sababu ilionekana ya kitoto, kisha nimeirudisha. Nina hasira na kiranja wetu wa bweni. Nina hasira na matroni. Na kuna mtu wa tatu, naye nitamfikia. Jumatatu kamati ya nidhamu ya shule inakaa kuamua kama Godeliva, rafiki yangu, atarudi darasani au atafukuzwa. Anashtakiwa kwa kuwatumia wenzake ndoto mbaya. Ushahidi wao ni daftari langu.

Blogu hii ina wasomaji wanne, na mmoja ni mimi nikiangalia kama imefunguka. Majina yote nimebadilisha. La kwangu silitaji. Bwenini wananiita Profesa, na hawaniiti kwa heshima.

Naanza na nadharia, maana bila hiyo mengine hayaeleweki.

Tangu muhula uanze nimekuwa nikiandika ndoto za wenzangu. Chumba chetu kina vitanda vya deka vitano, wasichana kumi wa kidato cha tatu. Asubuhi, tukiwa kwenye foleni ya bomba na ndoo zetu, kabla watu hawajaanza soga, nilikuwa nampitia mmoja mmoja na kumuuliza kwa sauti ya chini ameota nini. Mimi, ambaye siwezi hata kumwomba mwalimu ruhusa ya kwenda chooni! Lakini kwa ndoto niliweza, kwa sababu nilikuwa nimegundua kitu na sikuweza kukiacha.

Kuna asubuhi ambazo ndoto za watu wengi ni ndoto moja iliyogawanywa. Mwanaidi, ambaye kwao wana duka Kibondo mjini na ambaye hulala juu yangu, aliota bonde lenye mto na nyumba iliyogeuzia mlango wake mtoni. Bonde tu, bila mtu. Asubuhi hiyohiyo msichana wa dirishani aliota mikono inachambua maharage, lakini hakuona ni wapi. Mwingine aliota dumu la njano lisilo na kifuniko. Ukiwasikiliza mmoja mmoja ni upuuzi. Ukiwapanga kwenye mstari unapata sentensi nzima: katika nyumba ya mtoni, mtu anachambua maharage na kuyatia kwenye dumu. Ni kama sentensi imekatwa vipande usiku na kila aliyelala akawekewa neno moja chini ya mto.

Niliiita sarufi ya ndoto. Nilitumia daftari la hesabu, lile la vyumba vidogo, kwa sababu lilifaa kwa jedwali. Majina pembeni, kisha safu ya mahali, ya tendo, ya kitu, ya mtu. Kanuni zikaanza kujitokeza zenyewe, au mimi niliona hivyo. Hakuna anayepewa ndoto nzima. Aliyepewa mahali hapewi tendo. Ndoto ya pamoja haina jana: marehemu huingia kama mtu aliyekuwa ametoka kidogo kununua chumvi, na hakuna anayeshangaa.

Kanuni ya nne niliiandika kwa kalamu nyekundu na kuipigia mistari miwili chini yake, kwa sababu niliiona nzuri kuliko zote.

Anayeotwa haoti.

Yaani, wengine wakigawana ndoto inayomhusu mtu fulani, mtu huyo usiku huo hapati hata neno moja. Niliona hivyo kwa Mwanaidi, siku ambayo wanne waliota ushungi wake, kicheko chake na duka la kwao, na yeye akaamka akisema amelala kama gunia la mchele. Kisha niliona tena kwa wengine wawili. Mara tatu.

Mara tatu tu! Mwalimu wa fizikia akituona tunatoa hitimisho kwa vipimo vitatu anatuambia turudi maabara. Mimi nilichukua kalamu nyekundu.

Sasa Godeliva. Analala deka ya chini, karibu na mlango. Kwao ni Muyama. Babu na bibi yake walikuja kutoka Burundi kwa miguu. Mama yake alivuka nao akiwa binti mdogo, na leo ni raia wote. Godeliva mwenyewe amezaliwa hapahapa Kasulu. Kidato cha kwanza nilipougua malaria yeye ndiye aliyenifulia shuka, na hajawahi kunikumbusha. Kwenye foleni ya bomba, nikifika kwake na daftari, alikuwa anatikisa kichwa na kutabasamu.

"Mimi niruke."

Nikamruka. Wiki za kwanza niliweka kistari mbele ya jina lake. Baadaye hata kistari niliacha, nikaona kinachafua ukurasa. Mstari wake ukabaki bila neno kutoka mwanzo wa muhula hadi Jumatano iliyopita.

Jumatano ilikuwa katikati ya mitihani. Watu walikuwa hawalali vizuri, madirisha yote yamefungwa kwa sababu ya baridi. Baada ya chakula cha jioni, kabla ya prepo ya kujisomea, tukiwa kwenye maombi ya bweni, msichana mmoja akaanza kutetemeka akaanguka. Dakika moja baadaye wa pili akaanguka juu yake. Makelele yakaanza. Neno mapepo lilisemwa na mtu mlangoni na likafika dirishani kabla ya maji ya kuwanyunyizia.

Mwanaidi akasema, "Jamani, mimi nikianguka nileteeni chai na andazi. Mkiniletea maombi peke yake nitabaki hapohapo chini."

Wachache walicheka. Anjela hakucheka. Anjela ndiye kiranja wetu, na aliyeanguka kwanza ni rafiki yake mkubwa. Niwe mkweli: alikuwa ameogopa kweli. Alisema kuna kitu kimeletwa humu, akaanza kuinua magodoro kutafuta hirizi. Chini ya la kwangu hakukuta hirizi, alikuta daftari.

Alipanda juu ya tranka na kusoma. Alisoma bonde, maharage, dumu. Kila msichana alipolisikia neno lake likiwa karibu na maneno ya wengine, alishika mdomo. Walikuwa hawajui. Nilikuwa sijawahi kumwonyesha mtu jedwali. Nilitaka likamilike kwanza, kisha niwaonyeshe, na nilikuwa nimewaza wangefurahi.

Kisha akafika kwenye maandishi mekundu.

"Anayeotwa haoti," akasoma, polepole. Akashusha kidole kwenye majina. "Kumbe! Haya, humu ndani nani haoti?"

Kidole kilikuwa kimeshasimama.

"Gode. Tangu muhula uanze huna hata ndoto moja. Kumbe sisi wote tunakuota wewe! Wewe unafanya nini?"

"Ninalala," Godeliva akasema.

"Unalala, au unatutumia?"

"Nitume nini, Anjela? Mimi nina vocha ya kutuma ndoto?"

Hakuna aliyecheka safari hii. Mtu wa nyuma, sikuona ni nani, akasema, "Mambo ya kwao hayo. Arudi Burundi."

Godeliva hakumtafuta aliyesema. Alinigeukia mimi.

Nataka kuandika sehemu hii vizuri kwa sababu ndiyo inayonichoma. Alinitazama bila hasira. Alikuwa anasubiri. Mimi ndiye mwenye daftari, mimi ndiye ninayejua kwamba mstari ule ni mweupe kwa sababu aliniomba nimruke. Ilihitajika sentensi moja tu. Nilikuwa nayo. Ilikuwa tayari mdomoni, nikiisikia kwenye meno.

Nilikaa kimya.

Matroni aliingia, akauliza daftari ni la nani. Anjela akajibu, "La Profesa. Lakini yeye ameandika tu."

Ameandika tu!

Alhamisi niliamka na maneno hayo mawili kichwani. Nilipoitwa ofisini nilidhani nitaulizwa. Sikuulizwa. Matroni aliniambia nimefanya vizuri kuweka kumbukumbu na kwamba nimewasaidia sana. Alinishika bega. Daftari langu lilikuwa mezani kwake limefungwa kwa uzi, na juu yake barua ya kwenda kwa mzazi wa Godeliva: amesababisha taharuki bwenini, akae nyumbani hadi kamati ikae. Nilitamani kusema, matroni, hujasoma. Nikasema, "Asante."

Nilisema asante.

Mchana niliona tranka la Godeliva likifungwa nyuma ya bodaboda. Ijumaa sisi wengine tukaambiwa twende kwa ndugu zetu hadi Jumatatu, bweni lisafishwe na watu watulie. Mimi kwetu ni Kitahana, kule Kibondo, ni mbali mno kwa mapumziko ya siku mbili, kwa hiyo nimekuja hapa kwa shangazi. Nina simu yake hadi saa moja.

Leo asubuhi nilikwenda Muyama. Shangazi alidhani nakwenda kwa rafiki kujisomea. Njiani nilijiandaa kuomba msamaha, nikapanga maneno kama insha, utangulizi, kiini, hitimisho. Nilipofika uani nikayasahau yote.

Mama yake alikuwa amekaa kwenye kigoda anamenya muhogo, na Godeliva kando yake anamenya pia. Nilimwamkia. Aliitikia, akaongeza kwa lugha yao, "Bwakeye, mwana wanje," yaani habari za asubuhi, mwanangu, maneno ambayo na sisi Waha tunayaelewa bila kutafsiriwa. Kisha akaninyooshea kisu na muhogo. Nikakaa, nikamenya.

Tulimenya kwa muda mrefu. Mvua ilikuwa inagonga bati.

"Kumbe wewe ndiye unayeandika ndoto za watoto wa watu," mama akasema.

"Ndiyo, mama."

"Na ya mwanangu hukuiandika."

"Alisema nimruke."

"Alisema vizuri." Akatupa muhogo kwenye beseni. "Kwetu ndoto haipewi mtu yeyote kabla hajaipokea aliyekuzaa. Huyu akija likizo ananiletea zake zote. Anaziweka hukohuko shuleni, anazifunga, anakuja nazo. Mimi nakaa na kikombe cha maji. Anasema, mimi nakunywa. Akimaliza, zimekuwa zangu. Akitaka kumwambia mtu baada ya hapo, amwambie."

Niliuliza kwa nini. Huwa siwezi kujizuia kuuliza kwa nini, hata mahali ambapo ningenyamaza.

Akasema ilianzia njiani, wakati wanakuja. Walikuwa kundi kubwa, wanatembea na watoto. Mtoto mmoja akiota vibaya na kusimulia kwa sauti, asubuhi watoto wote wanalia ndoto hiyohiyo na kundi zima linakataa kuinuka. Basi kina mama wakakubaliana: kila mama apokee za wa kwake kabla jua halijatoka, azibebe yeye, na watu watembee. Bibi yake Godeliva alikuwa na watoto watano. "Alifika huku amebeba za wote," mama akasema, "na mzigo wa kichwani pia."

Nilikuwa nimemaliza muhula mzima nikijisifu kuhusu sheria zilizojificha za ndoto, na hapa palikuwa na watu waliokuwa na sheria yao, iliyokuwa imewavusha. Binti yao aliitunza kwenye foleni ya bomba, kila asubuhi, kwa tabasamu. Mimi nikaichora kama mstari mtupu. Anjela akausoma mstari mtupu kama kosa. Matroni akaufunga kwa uzi.

Na labda mama yake ameeleza pia yale maharage na dumu. Huenda wenzangu walikuwa wanaambukizana mchana bila kujua, kisha usiku wakaota walichosikia. Sijui. Bado naamini kuna sarufi. Kinachonitia uchungu ni kwamba kilikuwa kitu kizuri na nilikiacha kikatumika kama rungu.

Halafu nikafanya kosa lingine. Niliuliza. Siamini kwamba niliuliza.

"Gode, lakini ulikuwa unaota nini?"

Aliacha kumenya. "Bado unataka kuandika?"

"Hapana, nilitaka tu..."

"Daftari wamekunyang'anya, sasa mimi ndiyo nimekuwa daftari?" Alicheka, lakini si kicheko chake. "Nimempa mama juzi. Zote. Wewe huna chako humo."

"Sawa."

"Na wewe je? Huwa unaota nini, Profesa? Muhula mzima umetuuliza sisi. Mimi sijawahi kusikia ya kwako."

Nilifungua mdomo nikitaka kumjibu kwamba za kwangu zimo kwenye daftari. Hazimo. Nililipitia jedwali kichwani, kutoka juu hadi chini, kama mtu anayepapasa mfukoni. Vitanda kumi. Majina tisa. Godeliva ana mstari mtupu, lakini angalau ana mstari. Mimi sikujiandika kabisa.

Kama kanuni yangu ni ya kweli, basi kuna wawili bwenini wasio na ndoto hata moja, na mmoja wao ndiye aliyeitunga. Anjela alipopitisha kidole kwenye majina, kidole kile hakikuwa na pa kusimama kwangu. Hakuna aliyejiuliza mwandishi yuko wapi. Mimi ni Mha wa Kitahana, kalamu ni yangu, nimeandika tu. Yeye anaitwa jina la kwao, na kwao wanajulikana walikotoka. Ndiyo tofauti nzima. Hakuna tofauti nyingine, nimetafuta.

Huyo ndiye mtu wa tatu. Nina hasira na mimi kuliko wote.

Nilimwambia Godeliva hivyo, vibaya, nikikatakata maneno, huku nikiuangalia muhogo. Alisikiliza hadi mwisho.

"Jumatatu baba na mama wanakwenda," akasema. "Utayasema haya mbele ya kamati?"

"Nitasema."

"Wewe? Wewe ukijua jibu la historia unaliandika kwenye kikaratasi, unampa Mwanaidi asome!"

Ni kweli. Tangu kidato cha pili. Mwalimu anadhani Mwanaidi ni hodari wa historia.

Mama yake alinitazama kwa mara ya kwanza tangu nifike, nadhani, akanitazama vizuri. Hakusema nitasamehewa wala nisijali. Alisema, "Muhogo wako umeacha maganda." Nikarudia kuumenya.

Niliporudi hapa mchana nilimpigia Mwanaidi, yuko kwa mjomba wake upande wa pili wa mji. Nilimweleza yote. Alinisikiliza bila kunitania hata mara moja. Kisha akasema, "Shoga, niandikie. Niandikie yote, Jumatatu nitasoma mimi. Nitaisoma mpaka matroni atafute kiti."

Angeweza. Angeisoma vizuri kuliko mimi, kwa ushungi wake ulionyooka na sauti yake ya dukani. Nilishika kalamu kabisa. Nikaandika "Waheshimiwa walimu". Nikaona ninachofanya. Ninaandika tu, tena.

Nimemwambia hapana. Nimemwomba jambo moja, asimame karibu na mlango nimwone.

Najua kitakachotokea. Matroni atasema huyu binti amechanganyikiwa na mitihani. Anjela atanichukia, na inawezekana nikaulizwa kwa nini nilikuwa naandika siri za wenzangu, na swali hilo ni halali, na jibu lake sina zuri. Daftari nitaomba wanirudishie niwagawie wenyewe kurasa, kila mmoja neno lake. Kanuni ya nne nitaikata kwa kalamu nyekundu ileile. Mstari wa Godeliva nitauacha kama ulivyo. Ni wa kwake, na mama yake ameshakunywa maji.

Je, nikifika mlangoni sauti ikagoma kama Jumatano?

Swali hilo limenikalisha hapa nusu saa, simu mkononi, mvua haijakata. Kwa hiyo nimejaribu. Nimefunga mlango wa chumba, nimesimama mbele ya sketi iliyoanikwa kana kwamba ndiyo kamati, nikasema: "Daftari ni langu. Godeliva hana kosa. Aliniomba nimruke, na mimi mwenyewe simo humo kabisa."

Imetoka kama pumzi. Hata sketi haikusikia.

Lakini shangazi ana masikio. Ameniita kutoka jikoni, "We mtoto, unasemaje huko?"

Nimefungua mlango. Nikarudia yote, neno kwa neno, kwa sauti ya kumfikia.

"Sijasikia," amesema. "Njoo karibu, au paza sauti."

Nimepaza sauti.